Asili ya Umormoni: Tazama Tarehe Kabla ya Mmiliki

Tarehe 5 Machi 2024, Kanisa la Yesu Kristo la Watakatifu wa Siku za Mwisho, lenye makao makuu Salt Lake City, lilitangaza kwamba limenunua Hekalu la Kirtland, Ohio, kutoka kwa Community of Christ, kanisa dogo lililotokana na mwanzilishi huyohuyo, Joseph Smith. Katika bei ya dola milioni 192.5 za Kimarekani yalikuwamo pia majengo ya Nauvoo, Illinois, na maandishi ya kale, yakiwamo miswada ya Biblia aliyoirekebisha Joseph Smith na barua alizomwandikia mkewe Emma. Mwaka mmoja kabla yake ulikuwa umekamilika mradi wa Joseph Smith Papers, uliotoa mabuku 27 tangu 2008. Tangu hapo zimeenea kauli mbili. Wapinzani wanasema kwamba kwa kuwa karatasi zote sasa ziko mkononi mwa kanisa moja, ukweli wa chimbuko la dini hiyo utafungiwa. Baadhi ya waumini wanasema kwamba kila kitu kimeshachapishwa, kwa hiyo mjadala umekwisha. Kauli zote mbili zinakosea mahali pamoja: zinachukulia kwamba jibu limo katika karatasi fulani, na mwenye karatasi ndiye mwenye jibu. Hoja yangu ni kwamba ugumu wa chimbuko la Umormoni uko katika kalenda. Matukio yanayobishaniwa zaidi, yaani ono la Mungu, malaika na mabamba ya dhahabu, yalitokea, kwa maelezo ya wahusika wenyewe, kati ya 1820 na 1827. Karibu kila kinachoyasimulia kiliandikwa kuanzia 1829 na kuendelea, na sehemu kubwa yake kilichapishwa miaka mingi baadaye. Ununuzi wa Kirtland haukuongeza hata ukurasa mmoja ndani ya pengo hilo.

Namna maandishi haya yalivyotawanyika inaeleweka ukifuata mgawanyiko wa kanisa lenyewe. Joseph Smith aliuawa na kundi la watu wenye silaha katika jela ya Carthage, Illinois, tarehe 27 Juni 1844. Waliomfuata Brigham Young walianza kuihama Nauvoo Februari 1846 kuelekea bonde la Utah, wakabeba madaftari ya ofisi ya kanisa: shajara, vitabu vya barua, vitabu vya ufunuo na historia iliyokuwa bado inaandikwa. Emma alibaki Nauvoo na miswada ya Biblia. Mwaka 1860 mwanawe, Joseph Smith III, alishika uongozi wa kanisa lililojipanga upya, ambalo tangu 2001 linaitwa Community of Christ. Mswada wa Kitabu cha Mormoni, andiko takatifu ambalo Smith alisema alilitafsiri kutoka mabamba ya dhahabu, ule uliotumiwa na mpiga chapa, ulikwenda njia nyingine. Karani mkuu, Oliver Cowdery, aliukabidhi kwa David Whitmer, mmoja wa mashahidi wa mabamba, mwaka 1850, mjukuu wa Whitmer akauuza kwa kanisa la Joseph III mwaka 1903 kwa dola 2,450, na mwaka 2017 Salt Lake City ikaununua kwa dola milioni 35. Mswada wa kwanza kabisa, ule ulioandikwa Smith alipokuwa akisema na karani akinakili, uliwekwa mwaka 1841 ndani ya jiwe la msingi la Nauvoo House. Lewis Bidamon, mume wa pili wa Emma, alipoufungua mwaka 1882 aliukuta umeoza kwa unyevu, na leo imebaki takriban asilimia 28. Hasara kubwa kuliko zote katika maandishi haya ilisababishwa na maji, na hakuna aliyekusudia kuficha.

Sasa linganisha umiliki na usomaji. Picha za kila ukurasa wa mswada wa mpiga chapa zilichapishwa Agosti 2015, miaka miwili kabla haujauzwa, kwa makubaliano ya makanisa yote mawili. Toleo lilelile ndilo lililoonyesha kwa mara ya kwanza picha rasmi ya jiwe la kahawia ambalo Smith alilitumia kutafsiri. Miswada ya Biblia ilinakiliwa neno kwa neno na kuchapishwa mwaka 2004, wakati bado ni mali ya Community of Christ. Kwa hiyo mtafiti aliyekuwa akingoja 2024 ili asome maandishi hayo alikuwa amechelewa kwa miaka ishirini. Kilichohama ni hatimiliki, gharama za uhifadhi na haki ya kuongoza wageni ndani ya majengo.

Hata hivyo siwezi kuipuuza hofu ya wanaodhani mambo yatafichwa, kwa sababu historia inawapa haki ya kuogopa. Lucy Mack Smith, mama yake Joseph, alisimulia historia ya familia mwaka 1844 na 1845 huku Martha Jane Coray akiandika. Orson Pratt akaichapisha Liverpool mwaka 1853, na mwaka 1865 Brigham Young na washauri wake wakaagiza waumini wazirudishe nakala zao. Daftari la barua lenye simulizi ya kwanza ya Ono la Kwanza, yaani tukio la 1820 ambapo Smith alisema alimwona Mungu alipokuwa akisali msituni, simulizi ya 1832, lilikatwa karatasi zake 3 katika karne ya 20. Karatasi hizo zilihifadhiwa kando, zikaja kujulikana hadharani mwaka 1965 kupitia tasnifu ya mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Brigham Young, kisha zikarudishwa daftarini. Leonard Arrington, mwanahistoria wa kwanza wa kitaaluma kushika ofisi ya Mwanahistoria wa Kanisa, alifungua makabati mwaka 1972, na kufikia 1982 kazi yake ilikuwa imevunjwa na timu yake kuhamishiwa chuoni. Septemba 1993 mwanahistoria D. Michael Quinn alitengwa na kanisa. Haya yote yalitokea. Kilicho tofauti leo ni kwamba picha za kurasa zimesambaa katika maktaba na kompyuta za dunia nzima, na karatasi iliyokwisha kupigwa picha haiwezi kukatwa tena bila watu kujua. Waliokiri kwamba karatasi za 1832 zilikatwa ni wahariri wa kanisa lenyewe, kwa sababu alama za kisu zinaonekana pichani.

Tuirudie kalenda, maana ndiyo kiini. Kila andiko la namna hii lina tarehe tatu: ya tukio, ya kuandikwa na ya kuchapishwa. Juu ya hizo kuna swali la nne, mkono wa nani ulioandika. Ukikusanya maandishi yanayomgusa Smith na kitabu chake yaliyoandikwa kabla ya Machi 1830, kitabu hicho kilipochapishwa, hupati rundo. Ipo orodha ya barabara ya Palmyra yenye jina la baba yake. Ipo hati ya malipo ya hakimu Albert Neely wa South Bainbridge, New York, ya 1826. Ipo barua kali ya ami yake, Jesse Smith, ya 17 Juni 1829, akikikemea kile kitabu cha dhahabu, nayo tunayo katika nakala iliyoingizwa daftarini baadaye. Upo ukurasa wa jina uliowasilishwa kwa karani wa mahakama tarehe 11 Juni 1829 ili kupata hakimiliki, ambao gazeti la Palmyra liliuchapisha mwezi huohuo. Zipo na zile kurasa zilizooza za mswada wa kwanza, za 1829. Kuhusu sala ya msituni ya 1820, malaika wa Septemba 1823 na mabamba yaliyochukuliwa Septemba 1827, hakuna shajara wala barua ya wakati huohuo inayojulikana.

Anayetaka kuona pengo hilo lilivyo na thamani asome kesi ya Mark Hofmann. Muuza nyaraka huyu wa Utah alileta mwaka 1980 karatasi ya herufi alizodai kuwa ndizo Martin Harris, mfadhili wa kitabu, alizompelekea Profesa Anthon, mtaalamu wa lugha za kale, mwaka 1828. Mwaka 1982 akaleta barua ya Lucy Mack Smith ya Januari 1829, na mwaka uliofuata akaliuzia kanisa kwa dola 15,000 barua ya Joseph ya 1825 kuhusu kutafuta hazina. Kisha ikaja barua ya Martin Harris ya Oktoba 1830, iliyodai kwamba aliyemtokea Smith ni mjusi mweupe aliyegeuka kuwa roho. Iliuzwa kwa dola 40,000 Januari 1984. Zipange tarehe hizo: 1825, 1828, 1829, 1830. Mghushi alikuwa akijaza pengo lilelile ambalo wanahistoria walikuwa wakililalamikia, na ndiyo maana wengi walimwamini. Hata yule mjusi alitokana na chapisho la kweli la 1834, ambamo jirani mmoja, Willard Chase, alidai kwamba Smith aliona sandukuni kitu kama chura kilichojigeuza mtu. Oktoba 1985 Hofmann aliua watu wawili kwa mabomu ili kuuficha ulaghai wake. Kilichomfichua katika maabara ni wino. Alitumia karatasi halisi za zama zile zilizong'olewa katika vitabu vikuukuu, na wino wa chuma na tanini uliotengenezwa kwa kanuni za kale. Lakini ili uonekane umezeeka aliuchoma kwa kemikali kama amonia, na gundi ya mti iliyomo ndani ya wino ikapasuka nyufa ndogondogo, zenye sura ya ngozi ya mamba chini ya darubini. Wino uliozeeka wenyewe kwa miaka 150 haupasuki hivyo. Januari 1987 alikiri mashtaka. Tangu hapo, andiko jipya la miaka ya 1820 likiibuka bila mnyororo wa wamiliki unaojulikana, swali la kwanza la wataalamu ni lilitoka wapi, kabla ya linasema nini.

Sasa Ono la Kwanza lenyewe, kwa kuwa hapo ndipo pande zote mbili hujikwaa zaidi. Simulizi ya 1832 ni ya kurasa kama 6, imeandikwa kati ya Julai na Novemba mwaka huo, sehemu kwa mkono wa Frederick G. Williams na sehemu kwa mkono wa Smith mwenyewe. Anasema alihuzunishwa na dhambi zake, alikuwa amekwisha kuona kwa kusoma Biblia kwamba hakuna dhehebu lililojengwa juu ya injili ya Agano Jipya, akaomba, akamwona Bwana, akasamehewa. Simulizi ya 9 Novemba 1835 imo katika shajara iliyoandikwa na karani Warren Parrish, siku Smith alipotembelewa Kirtland na Robert Matthews, mhubiri aliyejiita Yoshua. Humo anatokea mmoja, kisha wa pili, na malaika wengi. Simulizi iliyoanzwa 1838 na kunakiliwa 1839 na James Mulholland ndiyo iliyochapishwa Nauvoo 1842 na baadaye kuwa andiko takatifu: Viumbe wawili, mmoja akimtambulisha mwingine kuwa Mwanawe Mpendwa, na swali kuu ni kanisa lipi la kujiunga nalo. Humo Smith anasema haikuwahi kumwingia moyoni kwamba yote yamepotoka. Hilo haliendi sawa na maneno ya 1832. Simulizi ya kwanza kuchapishwa haikuwa yake kwa mkono. Ilikuwa ya Orson Pratt, Edinburgh, 1840. Basi kwa tukio hili tarehe tatu ni 1820, 1832 na 1840.

Watetezi wana hoja ambazo haifai kuzirukia. Wanasema mtu akisimulia jambo moja kwa wasikilizaji tofauti hubadilisha mkazo: mwaka 1832 alikuwa anaandika toba yake, mwaka 1838 alikuwa kiongozi wa kanisa lililokuwa likipasuka ndani na kufukuzwa Missouri. Hoja yao yenye nguvu kuliko zote haitajwi mara nyingi. Kanuni za kanisa za 1830, ambazo leo ni sehemu ya 20 ya Mafundisho na Maagano, kitabu cha ufunuo wa kanisa, zinasema kwamba mzee wa kwanza, yaani Smith, alidhihirishiwa kuwa amepata msamaha wa dhambi, kisha akanaswa tena na ubatili wa dunia, kabla ya malaika kumjia. Mstari huo unatangulia simulizi ya 1832 kwa miaka miwili na unafanana nayo kwa mpangilio. Kwa hiyo anayesema Smith alitunga tukio la msituni mwaka 1838 amekosea, kwa sababu mbegu yake imo katika andiko la 1830. Wakosoaji nao wana hoja nzito. Cowdery alichapisha Kirtland, 1834 na 1835, barua nane za historia ya mwanzo. Alianza na msisimko wa kidini Smith akiwa na miaka 15, kisha katika barua iliyofuata akasahihisha kuwa 17, yaani 1823, akaenda moja kwa moja kwa malaika bila kutaja msitu. Mwaka 1967 mchungaji Wesley Walters alionyesha kwamba uamsho mkubwa wa Palmyra, wenye watu wengi wapya makanisani, ulikuwa wa 1824 na 1825. Wanahistoria Wamormoni walikwenda New York kuchimba kumbukumbu, wakajibu kwamba Wamethodisti walikuwa na makambi ya mahubiri karibu na Palmyra kufikia 1820, na kwamba Smith alitaja wilaya nzima, wala si kijiji kimoja. Kwa maoni yangu, usomaji unaobeba ushahidi wote ni huu: simulizi ya 1838 imeunganisha misisimko miwili ya kidini katika mmoja, kama kumbukumbu za baada ya miaka 18 zinavyofanya, na tafsiri ya tukio ilikua pamoja na kanisa. Hilo halithibitishi kwamba alimwona Mungu, wala halikanushi. Linaonyesha hadithi ilivyosimuliwa na lini, na hapo ndipo uwezo wa nyaraka unapokoma.

Upande wa wapinzani una maandishi yake ya kale, nayo yapimwe kwa kipimo kilekile. Eber D. Howe wa Painesville, Ohio, alichapisha mwaka 1834 hati za kiapo zilizokusanywa mwishoni mwa 1833 na Philastus Hurlbut miongoni mwa majirani wa zamani wa akina Smith. Hurlbut alikuwa ametengwa na kanisa mwezi Juni mwaka huo, na Aprili 1834 mahakama ilimwekea dhamana kwa kumtishia Smith. Hati kadhaa zinarudia misemo ileile, na tamko la pamoja la wakazi 51 wa Palmyra ni la jumla mno kuwa ushahidi wa jambo lolote mahususi. Lakini kuzitupa zote, kama walivyofanya waandishi wengi wa kanisa kwa zaidi ya karne, ni kosa. Zinaeleza utafutaji wa hazina kwa jiwe, na mwaka 1971 ilipatikana katika kumbukumbu za kaunti ya Chenango ile hati ya hakimu Neely ya 20 Machi 1826, inayomtaja Joseph Smith kama mtazamaji wa kioo na kudai ada ya dola 2.68. Smith mwenyewe, katika simulizi ya 1838, anakiri kwamba aliajiriwa Oktoba 1825 na Josiah Stowell kuchimba mgodi wa fedha Harmony, Pennsylvania. Vyanzo vitatu visivyotegemeana vinakutana. Angalia pia hati ile isichokisema: haina hukumu. Simulizi za baadaye za kikao hicho, za 1831, 1873 na 1877, hazikubaliani juu ya mwisho wake, kwa hiyo anayeandika kwa uhakika kwamba alihukumiwa, au kwamba aliachiwa huru, ameongeza kitu chake.

Hoja dhaifu kuliko zote, ambayo bado inasambazwa kwa Kiswahili kana kwamba ni ugunduzi mpya, ni ya Solomon Spalding. Howe alidai kwamba Kitabu cha Mormoni ni riwaya ya Spalding, mchungaji wa zamani aliyekufa 1816, iliyoibwa na Sidney Rigdon, mhubiri aliyejiunga baadaye na kanisa la Smith, na kupewa Smith. Mswada wa Spalding ulipatikana Honolulu mwaka 1884 katika karatasi zilizotoka ofisi ya gazeti la Howe, na sasa uko Chuo cha Oberlin. Ni hadithi ya Warumi waliosukumwa na dhoruba hadi Amerika, na hauna majina, mtindo wala mfululizo wa kitabu cha Smith. Waliobaki na nadharia wakadai kulikuwa na mswada wa pili, ambao hakuna aliyeuona. Rigdon alikutana na Smith Desemba 1830, miezi minane baada ya kitabu kuchapishwa, na hakuna andiko la wakati ule linalowakutanisha mapema. Mwaka 2008 watafiti wa Stanford walitumia kompyuta kupima mtindo na kuzipa sura nyingi za kitabu Rigdon na Spalding, na tangu hapo watu husema sayansi imethibitisha. Tazama mbinu yenyewe. Kompyuta ilipewa orodha iliyofungwa ya waandishi na kutakiwa kuchagua mmoja wao kwa kila sura, huku jina la Joseph Smith halimo orodhani. Mbinu ya namna hiyo haiwezi kujibu kwamba hakuna kati ya hawa, hutoa aliye karibu zaidi hata kama yuko mbali sana. Wachambuzi wengine walionyesha mwaka 2011 kwamba ukiilisha makala za Alexander Hamilton, aliyekufa 1804, bila kuliweka jina lake, sehemu kubwa itampa Rigdon.

Dhidi ya nadharia za wizi wa mswada kuna ushahidi wa karatasi yenyewe. Kurasa zilizobaki za mswada wa kwanza zina makosa ya sikio: neno dogo lililosikika kama lingine linalofanana nalo, jina geni lililoandikwa kwanza kwa kubahatisha kisha likakatwa na kuandikwa sawasawa. Mswada wa mpiga chapa una makosa ya jicho: mstari ulioruka, neno lililorudiwa. Tofauti hiyo inamaanisha kwamba wa kwanza uliandikwa kwa kusikiliza na wa pili kwa kunakili. Hapo maelezo ya Emma ya 1879 na ya David Whitmer ya 1887, kwamba Smith aliweka jiwe ndani ya kofia, akainamisha uso na kusema maneno, yanapata uzito ambao umri wao peke yake usingewapa. Alikuwa anatamka. Maneno aliyatoa wapi, karatasi haisemi.

Nyaraka nyingine zinafaa kusomwa kwa tahadhari ambayo waumini wengi hawajafundishwa. Ufunuo wa miaka ya mwanzo ulikuwa unapigwa chapa Independence, Missouri, wakati kundi la watu lilipovunja mtambo tarehe 20 Julai 1833. Kurasa zilizookolewa ndizo zinazoitwa Kitabu cha Amri. Ulipochapishwa tena Kirtland mwaka 1835, matini kadhaa yalikuwa yamepanuliwa na kubadilishwa. Ufunuo kwa Cowdery uliotaja karama yake ya kutumia fimbo ukawa unataja karama ya Haruni. Historia rasmi nayo inaandikwa yote kama Smith anavyosema mimi, lakini alipouawa ilikuwa imefika Agosti 1838 tu. Sehemu iliyobaki ilikamilishwa na makarani hadi 1856, wakichukua shajara za wengine na kugeuza yeye kuwa mimi. Waliona ni utaratibu wa kawaida wa zama zao. Lakini msomaji anayenukuu aya ya 1843 kama sauti ya Smith mara nyingi ananukuu sauti ya Willard Richards au William Clayton.

Kutoelewa jambo hilo ndiko kunakozaa sasa dai linalokua miongoni mwa baadhi ya Wamormoni wenyewe, kwamba Smith hakuoa wake wengi na kwamba yote yalighushiwa Utah. Makarani waligeuza nafsi, wanasema, kwa hiyo waligeuza na historia. Tarehe zinalikataa. Gazeti la Nauvoo Expositor la 7 Juni 1844, lililotolewa na wapinzani waliokuwa wamejitenga karibuni, lilichapisha hati za kiapo za William Law, mkewe Jane na Austin Cowles kuhusu ufunuo wa wake wengi, Smith akiwa hai na akiwa meya, miaka miwili kabla ya safari ya Utah. Mtambo wa gazeti hilo uliharibiwa siku tatu baadaye kwa amri ya baraza la mji aliloliongoza. Makala ya kanisa lenyewe ya 2014 inataja makadirio ya wake kati ya 30 na 40.

Msomaji wa Kiswahili anaingia katika mjadala huu akiwa na vifaa pungufu. Nairobi ilipata hekalu lake Mei 2025, na waumini wako Kenya, Tanzania na Kongo, lakini Lulu ya Thamani Kuu anayoshika, kitabu kingine cha maandiko ya kanisa, inampa simulizi ya 1838 peke yake, na Mafundisho na Maagano yanampa matini yaliyotokana na toleo la 1835. Maandishi ya awali na maelezo ya wahariri wake ni ya Kiingereza. Matokeo yake ni kwamba anayesikia kwa mara ya kwanza juu ya 1832, au juu ya jiwe na kofia, huvisikia kutoka kwa mtu anayetaka kumtoa kanisani, kisha anadhani alidanganywa na kila aliyemfundisha. Kazi ya kurekebisha hili si kubwa kama inavyodhaniwa. Simulizi za 1832, 1835, 1838 na ile fupi ya 1842, iliyo katika barua ya Smith kwa mhariri wa gazeti John Wentworth, zikipangwa kwa safu zinaingia katika kijitabu kimoja, kila moja ikiwa na tarehe zake tatu na jina la karani. Mfasiri asilainishe chochote. Pale simulizi ya 1832 inapotaja mwaka wa 16 wa umri wake, aonyeshe kwamba maneno hayo yaliongezwa juu ya mstari kwa mkono wa Williams, na pale Smith aliposhika kalamu mwenyewe, aonyeshe inapoanza na inapokoma. Mstari wa 1830 wa sehemu ya 20 uwekwe mwanzoni, kwa kuwa ndio wa kwanza kuandikwa. Hati ya Neely ni ya mistari michache, iwekwe ukurasa uleule, pamoja na maelezo kwamba haina hukumu.